Jani Lenye Oili Alilonipa Mama Mkwe

Mmenichosha. Kila anayekaa kwenye kiti changu, kabla sijamfunga shuka shingoni, anauliza, "Bwire, gari liko wapi?" Anayefuata anauliza, "Bwire, ni kweli ulivutwa kwa kamba kama mbuzi wa Krismasi?" Na ninyi wa benchi, ambao hamji kunyolewa bali kuchaji simu bure, mnacheka kabla sijafungua mdomo. Nimeona heri niandike mara moja. Someni, halafu mniache ninyoe watu.

Mnanijua. Mimi ni mtu wa Lumino. Nikifika Masinya naanza kukumbuka kitanda changu, na nikifika Busia naongea kama mkimbizi. Hata gari lile sikulinunua kwa ajili ya kusafiri. Nililinunua kwa ajili ya kuegesha. Nilichagua la otomatiki kwa sababu mguu wangu wa kushoto na wa kulia haijawahi kukubaliana jambo. Mwaka wa kwanza lilikwenda kanisani na kurudi. Mwaka wa pili kuku alitaga kwenye kiti cha nyuma, nikaona ni baraka, nikamwachia.

Sasa, wiki ile Nyaketcho, mke wangu, alikuwa kwao Paya akimuuguza mama yake mkubwa, ambaye hospitali ilikuwa imemrudisha nyumbani. Siku ya Jumatano akanipigia simu.

"Baba Nekesa, mama mkubwa haponi. Anamwita mama. Mlango ukilia tu anauliza, 'Ni mdogo wangu huyo?' Nenda kamchukue mama Busia umlete."

"Si apande basi?"

"Kwa ile miguu yake? Na gari umeliweka la nini, maonyesho?"

Mama mkwe wangu alikuwa Busia, upande wa Kenya, kwa binti yake mdogo Akoth aliyejifungua. Huyo mgonjwa wa Paya ndiye dada yake mkubwa, aliyemlea tangu mama yao alipokufa. Watu wawili wazee, mmoja anakufa, mwingine anatakiwa afike kabla. Kazi yangu ilikuwa hiyo tu.

Lumino hadi Masinya: gari linafikiri

Niliondoka kesho yake saa moja asubuhi. Otomatiki nzima ukikanyaga breki na kutoa kigingi cha gia kwenye P, ya kuegesha, kukiweka kwenye D, ya kwenda mbele, inajinyanyua kidogo, kama mtu aliyeitwa jina lake. Langu lilikuwa linafikiri kwanza. Unahesabu moja, mbili, tatu, ndipo linashtuka, du! na kuondoka. Lilikuwa na tabia hiyo kwa miezi mingi, nami nililisamehe. Hata mimi ukiniamsha mapema sijibu mara moja. Yule aliyeniuzia alikuwa ameniambia, "Mzee, giaboksi ya hii haifunguliwi. Oili yake ni ya maisha." Sikuuliza maisha ya nani.

Halafu kuna ule ujanja wetu wa miteremko. Hamjauacha, najua. Mteremko ukianza naweka N, gia huru, gari linateleza lenyewe, petroli inakaa kwenye tangi. Tulijifunza kwa madereva wa pikapu za samaki, na pikapu zao ni za kukanyaga klachi, lakini nani anauliza? Chini ya mteremko nikirudisha D mwendo ukiwa bado mkali, gari linapiga teke. Kufika Masinya lilikuwa limepiga teke mara saba, na kila mara nilijisifu kwa petroli niliyookoa.

Pale Masinya nilisimama kununua viazi vitamu vya kuchoma. Muuzaji akainama akachungulia dirishani.

"Bwire? Wewe? Umetoka nje? Nani amekufa?"

"Hajafa mtu. Ndiyo maana nina haraka."

"Haraka gani, nawe umenunua viazi vitano?"

Busia, pande mbili: kuku wa mkwe

Habari za mpakani, karatasi na foleni, sisemi. Gari niliacha upande wetu wa Uganda kwenye uwanja wa maghala, nikavuka kwa miguu, na saa tatu kasoro nilikuwa mlangoni kwa shemeji Akoth. Nikadhani ni kumchukua mama na kurudi. Nilisahau kwamba mimi ni mkwe.

Kwa ajili ya yule mwalimu mgeni, anayesema sisi wa mpakani tunaogopa mama mkwe kuliko simba, nieleze. Mama mkwe humshiki mkono. Humtazami usoni. Huli mbele yake naye hali mbele yako. Humsemeshi moja kwa moja. Kuna mtu wa katikati, unamwambia yeye, yeye anamwambia mama, hata kama mama yuko hatua mbili na amesikia kila kitu. Si woga, mwalimu. Ni heshima. Lakini siku ile nilijifunza kwamba heshima nayo ina breki zake.

Nikamwambia Akoth twende, mgonjwa anasubiri. Akoth akaniangalia kama niliyemtukana.

"Shemeji, utoke kwangu bila kuku? Watu watasemaje? Kaa."

Kuku alikuwa bado anakimbia uani. Wakamfukuza, wakamchinja, wakamnyonyoa, wakamchemsha, na alikuwa jogoo mzee, mgumu kama ukanda. Mimi nilikula nikiwa chumba cha mbele. Mama mkwe alingoja jikoni, kwa sababu hawezi kupita mbele yangu nikitafuna. Nilipomaliza ikabidi nitoke nje, ili naye apite aoge na kuvaa. Saa moja na nusu ilikwenda hivyo. Paya mtu anauliza mlango ukilia, Busia sisi tunangoja mapaja ya jogoo yalainike. Nami nilikula, tena nikaongeza mchuzi. Siwezi kusema nililazimishwa.

Akoth ndiye aliyekuwa afuatane nasi, awe mtu wa katikati. Wakati wa kutoka mtoto wake akawa na homa.

"Ngoja nimwite jirani aende nanyi," akasema. "Ni mtu mzuri, anasema kidogo."

"Acha, shemeji. Ni saa mbili tu za barabara. Kwani tuna la kuongea?"

Hilo ndilo neno la kijinga kuliko yote niliyosema mwaka huu, na mnajua nina mengi.

Wakamvusha mama kwa pikipiki polepole, Akoth akimshika upande, wakamkalisha kwenye gari kiti cha nyuma, nyuma yangu kabisa ili tusionane. Kile kioo cha ndani cha kutazamia nyuma nilikigeuza kikatazama paa. Nilikuwa tayari kuendesha nikiwa kipofu wa nyuma, ilimradi adabu ikae.

Akoth akarudi kwa mtoto. Nikaenda kununua maji na muda wa simu. Niliporudi, nikakuta juu ya kiti changu kuna jani bichi, pana, na katikati yake oili nyekundu iliyokolea, karibu na rangi ya kahawia.

Sasa nisikilizeni kabla hamjacheka. Mama mkwe ni mtu wa maombi. Kanisani kwao Paya ndiye anayewapaka wagonjwa mafuta. Nikaona: mama ametubariki safari. Kumuuliza siwezi. Nikalinyanyua jani kwa mikono miwili, nikalinusa. Lilikuwa na harufu ya maharage yaliyoungua, nikajiambia labda ni mafuta ya upako ya siku hizi. Nikaitikia kwa kichwa mara mbili, polepole, kama mtu mzima aliyeelewa. Kisha nikachovya kidole, nikachora msalaba kwenye usukani, na mwingine juu ya kile kigingi cha gia.

Nyuma yangu mama akakohoa. Nikaipokea kama amina.

Busia hadi barabara kuu: kelele nyingi, mwendo kidogo

Kilomita za kwanza zilikwenda. Halafu injini ikaanza kulia kuliko mwendo wenyewe. Nakanyaga, sindano ya injini kwenye dashibodi inapanda, ya mwendo inabaki palepale, kama mtu anayepiga makasia kwenye matope. Gari linabadilisha gia kwa kuteleza, linakaa hewani kidogo, ndipo linashika. Mtu mwenye akili angesimama. Mimi niliutazama msalaba kwenye usukani nikakanyaga zaidi.

Tulipoingia barabara kuu ya kwenda Tororo kukawa na harufu. Mama akagonga kioo cha mlango wake. Ko, ko, ko. Nikaelewa, au nilidhani nimeelewa: safari, uzee, chai ya asubuhi. Nikaegesha kando ya mikaratusi, nikashuka bila kugeuka, nikatembea hatua kama mia mbili, nikasimama nimeupa mgongo ulimwengu wote. Nilingoja dakika kumi na tano, nisije nikarudi mapema nikamwaibisha.

Niliporudi, mama alikuwa nje ya gari, uso ameuelekeza kwenye mashamba, na fimbo yake ameinyoosha nyuma, inaonyesha chini ya pua ya gari. Nikainama. Tone. Tone. Tone. Nyekundu, ya kahawia, ina harufu ya maharage yaliyoungua.

Nilikaa kwenye majani nikautazama mkono wangu niliochorea misalaba.

Basi hapo palikuwa na nafasi, na hili sitalificha. Magari ya abiria yalikuwa yanapita kuelekea Tororo. Moja hata likapunguza mwendo, utingo akaita, "Tororo, mama? Kiti ipo moja!" Ningeweza kumwacha aende. Kutoka Tororo angepata gari la Paya, na saa sita angekuwa mlangoni kwa dada yake. Lakini niliwaza: nibaki peke yangu barabarani na gari bovu, nani atanisaidia, nani atalinda viti? Nikampungia utingo mkono apite.

"Hapana, asante. Ni kitu kidogo tu."

Mbele kidogo kulikuwa na kibanda cha kuuzia oili kwenye chupa za maji ya kunywa. Nikaenda kwa miguu.

"Oili ya giaboksi ya otomatiki unayo?"

Muuzaji akainua chupa moja nyeusi, akaitikisa. "Oili ni oili, mzee. Hii ya injini, nzuri sana. Gari nakunywa kama mtu. Ikisikia kiu haiulizi ni maji ya wapi."

Maneno matamu. Nikanunua chupa mbili. Injini nikaizima, ikapoa, nikachomoa kile kijiti cha kupimia cha giaboksi, nikakifuta, nikakirudisha, nikakichomoa tena, jinsi nilivyoona watu wakipima oili ya injini. Hakuna kitu. Nikamimina chupa nzima, kisha nusu ya pili. Nikapangusa mikono kama daktari.

Gari likaenda dakika kumi. Likatoa moshi mweupe, likaguna, likasimama. D, kimya. R, kimya. P, N, D, nikazungusha kigingi kile kama mtu anayetafuta stesheni ya redio. Kimya.

Kamba hadi Tororo

Aliyetuokoa, au tuseme aliyetumaliza kwa moyo mzuri kabisa, alikuwa dereva wa trela, kijana wa Kenya akirudi bila mzigo kuelekea Malaba. Akaegesha mbele yetu, akashuka na miwani juu ya kichwa.

"Buda, imekataa?"

"Imekataa."

"Na huyo ni mathe wako?"

"Mama mkwe."

"Aaah!" Akarudi nyuma hatua moja, akapunguza sauti. "Basi uko na kesi mbili. Skiza, mathe apande kwangu huku juu, nimpeleke Tororo mbio. Wewe utarudiwa."

Tukaenda mpaka kwenye ngazi ya trela. Ngazi ilianzia usawa wa kiuno changu. Kumpandisha mama pale ilitaka watu wawili, mmoja wa kuvuta akiwa juu na mmoja wa kusukuma akiwa chini, na wa chini alikuwa mimi. Dereva akanitazama. Nikatazama ngazi. Mama mkwe akageuka mwenyewe, akarudi polepole kwenye kiti chake.

"Sawa," dereva akasema. "Tuvute basi. Weka N, shika usukani, usilale. Hadi Tororo ni hapo tu."

Akatoa kamba nene kama mkono, akafunga. Tukaondoka, magurudumu yote manne chini, mimi nikitazama matako ya trela, mama nyuma akiimba wimbo wa kanisa kwa sauti ya chini sana. Karibu na mji foleni ya malori ya mpakani ilikuwa imerudi nyuma ikatufikia, tukasimama robo saa, tukaendelea. Jiwe la Tororo, ule mlima wa mwamba, likawa linakua mbele yetu taratibu. Nikaona tumeshinda. Niliwaza hata jinsi nitakavyowasimulia, nikijipa sehemu nzuri.

Mbele ya gereji dereva akafungua kamba. Nikamnunulia soda. Akanipigia honi ndefu ya kwaheri, akaenda zake, bila kujua alichofanya.

Tororo: fundi anakuwa mtu wa katikati

Fundi anaitwa Opolot, mzee mfupi wa Kiteso mwenye vidole vinene. Hakugusa kitu kwanza. Alitazama mahali kamba ilipokuwa imefungwa.

"Gari hii imekuja hapa namna gani?"

"Imevutwa."

"Mbele ikiwa juu?"

"Chini. Kwa kamba. Niliweka N."

Akafumba macho kidogo. "Mzee, hii navuta na miguu ya mbele. Ikivutwa, miguu ya mbele nazunguka, vyuma vya ndani nazunguka, lakini injini imezimwa, na pampu ya oili nazungushwa na injini. Sasa vyuma nasagana kavu. Kutoka wapi?"

Nikamwambia kutoka wapi. Akapiga mluzi.

Akachomoa kijiti, akaweka tone kwenye karatasi, akanusa, akakunja uso. "Na hii nyeusi ni nini?"

"Oili ya injini. Nilipima, haikuwepo kitu."

"Ulipima injini nawaka?"

"Nilizima."

"Baridi?"

"Nilingoja ipoe, fundi. Nilifanya kwa uangalifu."

Opolot akakaa juu ya tairi kuukuu. Hakunicheka, na hilo liliniuma kuliko kama angecheka. Akanieleza, na nawaandikia kwa sababu wawili wenu mna otomatiki, na mnateleza kwenye miteremko kama mimi. Giaboksi ya namna ile unaipima ikiwa moto, injini inawaka, gari mahali tambarare, baada ya kupitisha kigingi gia zote na kukirudisha P. Oili yake nzima ni nyekundu safi kama sharubati. Ikiwa ya kahawia na inanuka kuungua, imekwisha, na hakuna oili ya maisha. Gari likichelewa kushika D, si tabia, ni mgonjwa anayekuambia. Kwenye mteremko acha D ikae. Ukilazimika kuvutwa, lipandishwe juu ya gari lingine, au magurudumu yanayovuta yainuliwe.

"Hata asubuhi kama ungeiona hiyo oili navuja, tungebadilisha gasketi ya sampo, hii bakuli ya oili huku chini, oili mpya, chujio, ungeenda," akamaliza. "Ilikuwa kazi ya saa mbili."

Mama mkwe alikuwa amekaa kwenye kiti cha plastiki mlangoni, kitenge kimefunika kichwa, uso kwenye barabara. Akasema, kwa Kiswahili chake cha sokoni, kilichonyooka:

"Fundi, mwambie mwenye gari, asubuhi Busia niliona hiyo oili chini. Nikachovya jani, nikaweka kwa kiti yake aone."

Opolot akanitazama. Anajua mila, Wateso nao wana wakwe. Akaweka spana chini. "Mzee, mama nasema aliweka jani."

"Nimesikia."

"Fundi, mwambie nilimwona. Alinusa, akaitikia kichwa. Mara mbili. Nikasema mkwe wangu anajua gari, ameelewa, atafanya. Kumsumbua tena ningeona ni kumdharau."

"Mzee, mama nasema..."

"Fundi, mwambie mama nilidhani ni mafuta ya maombi."

Opolot alifungua mdomo, akaufunga. Nadhani ni mara ya kwanza katika maisha yake kutafuta namna ya kupeleka neno ambalo limeshafika. Mabega ya mama yakatikisika chini ya kitenge. Nikaomba Mungu awe anacheka. Nafikiri alikuwa anacheka, kidogo.

Ndipo simu yangu ikalia. Nyaketcho.

Hakusema habari. Alisema, "Mko wapi?" Nikasema Tororo. Akavuta pumzi, akasema, "Basi msikimbize gari. Ameshakwenda." Nikauliza saa ngapi. Akasema saa saba na nusu. Akasema mwambie mama polepole.

Mwambie mama. Kwa mdomo gani? Nimesimama na simu, yeye yuko hatua nne, mgongo umenielekea. Tulikuwa tumepitisha maneno mengi ya upuuzi kwa Opolot, ya majani na spana, na sasa nikawa na neno moja, nikaona aibu kumtwika mtu mgeni. Lakini sikuwa na njia nyingine, na sikuwa jasiri wa kutengeneza nyingine. Nikamgeukia fundi, nikasema kwa sauti ya kumfikia mama:

"Fundi. Mke wangu amepiga simu kutoka Paya. Dada yake mama amefariki."

Opolot hakurudia. Alivua kofia yake yenye grisi, akasimama.

Mama hakulia. Alikaa hivyo hivyo, akatazama malori yakipita. Kisha akauliza:

"Fundi, muulize mwenye gari. Saa ngapi?"

"Saa saba na nusu, fundi."

Akahesabu. Niliona vidole vyake vikihesabu juu ya fimbo.

"Saa saba na nusu," akasema, "tulikuwa kwa kamba."

Tororo hadi Paya

Opolot aliomba pikapu kwa jirani yake mwenye duka la saruji. Mke wa jirani na dada mmoja mpika chakula wakamwinua mama wakamkalisha mbele, pamoja na dereva. Mimi nilikaa nyuma wazi, juu ya mifuko mitupu, manyunyu yakaanza, na vumbi la saruji likageuka uji kwenye suruali yangu ya kanisani. Mwanamke wa chakula alinirushia chapati mbili ndani ya karatasi. Zilikuwa chapati nzuri, za mayai. Sikuzimaliza, na ninyi mnanijua.

Njia nzima nilikuwa naandaa maneno. Nilijua Nyaketcho ataniuliza mbele ya ukoo wake wote, na nilijua jibu: kuku, viazi, misalaba, utingo niliyempungia mkono. Nilikuwa nimeamua kusema yote. Angalau hilo, nilijiambia, nitalifanya kama mtu.

Tulifika saa kumi na nusu, mwanga ungalipo. Mama alianza kulia pikapu ilipoingia tu njia ya nyumbani kwao, kile kilio cha kutangaza umefika, na wanawake wakatoka kumpokea kwa kilio chao. Walimshusha, wakampeleka ndani kwa dada yake. Mimi nilisimama uani, mweupe wa saruji, watu wakinipa pole za mbali.

Mama alipotoka, macho yamevimba, wazee wa ukoo walikuwa wamekaa, na Nyaketcho akanijia moja kwa moja. Sijawahi kumwona na uso ule.

"Tangu asubuhi! Tangu saa moja asubuhi, Baba Nekesa! Alikuwa anauliza mpaka sauti ikaisha. Mlikuwa wapi?"

Nikafungua mdomo.

"Malori," akasema mama mkwe.

Watu wote wakageuka. Alikuwa anawaambia wao, si mimi, fimbo imesimama mbele yake. "Barabara ya Malaba imejaa malori, hata nzi hapiti. Tulikwama huko, mpaka gari ikachoka ikafa. Mkwe wetu amehangaika leo, mwacheni."

Nami nikafunga mdomo. Hiyo ndiyo sehemu ya safari ambayo hamkuniuliza. Nilikuwa na maneno yote tayari, nikayameza, kwa sababu kumkatalia mama mkwe mbele ya watu ni kumwita mwongo. Na kwa sababu, niseme ukweli, ilikuwa nafuu. Mzee mmoja akanyanyuka kwenye kiti chake chenye mgongo akanipa mimi nikae. "Pole sana mkwe," akasema, "umefanya kazi. Hayo malori yatatumaliza." Wakaniletea maji ya moto ya kunawa. Nikanawa. Nyaketcho akaniwekea shuka mabegani, akasema nimsamehe kwa kunikaripia. Nikamsamehe. Hebu fikirini hilo: nikamsamehe.

Tulizika kesho yake mchana.

Sasa niko hapa kwenye kiti changu, na gari liko Tororo juu ya mawe manne, giaboksi imefunguliwa, ndani kumejaa unga wa chuma unaong'aa. Ninyi nimewaambia, na atakayempelekea Nyaketcho maneno haya nitamnyoa upara na masikio yake.

Tatizo langu ni hili. Nataka kumwomba mama mkwe msamaha. Kumsemesha siwezi. Mtu wa katikati lazima nimweleze msamaha ni wa nini, na nikimweleza, ule uongo aliousema kunisitiri mbele ya ukoo wake unavunjika, na anayevunjika ni yeye. Nimeligeuza jambo hili kila upande, usiku na mchana, nikinyoa na nisiponyoa, wengine mmeondoka hapa na vichwa vya ajabu.

Wiki iliyopita Nyaketcho alikuwa anakwenda Paya kumwona mama yake. Ameshafunga mzigo, amesimama mlangoni, nikamwambia:

"Ukifika, mwambie mama nasema samahani."

"Samahani ya nini?"

Nilitazama viatu vyangu.

"Ya malori," nikasema.